Rehani Kwenye Tuta la Soko

Bi Thoan alikuwa mwanamke wa hasira, na hakuwahi kuiomba radhi hasira yake. Aliolewa katika kijiji hiki cha kando ya Mto Mwekundu akiwa amebeba shuka mbili na mzigo wa vipandikizi vya mboga ya majini, ile yenye mashina yaliyo wazi ndani, ambayo watu wa kule wasipoiona mezani huona kama hawajala. Majirani wakacheka kwamba bibi harusi kaleta majani. Aliwajibu siku hiyo hiyo, na wengine mpaka leo hawajasahau alivyowajibu.

Mama yake alimfundisha kwamba mboga hiyo haipandwi peke yake. Pembeni weka vitunguu saumu, katikati rehani, mwisho wa tuta mchaichai, na juu yake jenga kichanja mdodoki utambae, jua la kiangazi lisiunguze majani. Wadudu wanaokuja kwa harufu ya mboga hupotezwa na harufu ya majirani zake. Hakuna dawa. Mumewe alikula mboga hiyo miaka yao yote ya ndoa.

Lakini kijiji kile kina ugonjwa wake, na kila mtu anaujua. Kila nyumba ina matuta mawili. Moja ni la kula, lingine ni la soko, na la soko hupigwa dawa leo likavunwa kesho. Wenyewe hawaligusi. Rehani na saumu hawazipandi kwenye la soko, za nini pale? Kwa hiyo mjanja wa kununua hachungulii majani; huchungulia kilichopandwa kando yake. Akiona rehani, anajua hapa wenyewe wanakula.

Bi Thoan hakuwahi kuwa na tuta la pili. La pili alilichimba mwanawe, Khiem, baada ya baba yake kufa, na mama mtu akalipigia kelele mpaka akachoka.

Mwaka mmoja Bi Thoan alikwenda kumuuguza dada yake. Aliporudi, kesho yake ikiwa kumbukumbu ya marehemu mumewe, alipita bustanini kabla hata ya kuingia ndani. Tuta la Khiem lilikuwa limezungukwa na rehani. Saumu nazo zilikuwepo, zimesimama kwa mstari. Aliinama, akazishika. Zilikuwa zimenyauka vichwa, udongo wa shinani bado haujashikamana. Tuta lake yeye lilikuwa limebaki na mashimo.

Akiwa bado ameinama, Bi Ngat, mpishi wa shule ya chekechea, akaingia na kapu lake.

"Dada umerudi! Afadhali. Khiem kaniambia nichukue na kwenye tuta hili, sasa ni la nyumbani. Nami nimeona rehani, nikasema kwa Bi Thoan sina wasiwasi."

"Umeshachukua?"

"Wiki nzima. Watoto wanaipenda na mchuzi wake wa ndimu. Nhai wako ndiye anayeongeza."

Nhai alikuwa mjukuu wake, mtoto wa Khiem. Miaka yote jina la Bi Thoan lilikuwa limesimama kwenye rehani zile, na mwanawe kalichukua akalifanya chambo.

"Leo usichukue," alisema. "Kesho njoo ule kwetu."

Usiku hakumwambia Khiem neno. Waliomjua wangeogopa.

Kesho yake udi uliwashwa mbele ya picha ya marehemu, wakaketi mkekani, shemeji zake wawili, Khiem na mkewe, Bi Ngat na Nhai. Bi Thoan alileta kuku, wali, na sahani moja ya mboga iliyochemshwa. Sahani hiyo aliiweka mbele ya Khiem, na kidole chake hakikuachia ukingo.

"Kula, baba. Nimevuna kwenye tuta lako lenye rehani."

Vijiti vya kulia vya Khiem vikasimama hewani.

"Nimeshiba, mama."

"Hujatia kitu mdomoni. Umeshiba nini?"

Shemeji mmoja akacheka, akidhani ni utani wa mama na mwana. Nhai akanyoosha vijiti vyake kwenye sahani. Kabla Bi Thoan hajaivuta, Khiem alikuwa ameshampiga mwanawe mkono, kwa nguvu, kijiti kikaruka mpaka mlangoni. Mtoto akaanza kulia.

Bi Ngat alitazama sahani, akamtazama Khiem, kisha akaweka bakuli lake chini.

"Huyu ana baba wa kumpiga mkono," Bi Thoan alisema. "Kule shuleni, yeye na wenzake, nani aliwapiga mkono?"

"Mama, kila mtu hapa anafanya…"

"Si kila mtu aliyeiba rehani yangu. Inuka ukaling'oe tuta lako."

"Shemeji, hasira hasara," shemeji mkubwa alinong'ona.

"Acha iwe hasara. Kunyamaza kumetufikisha hapa."

Khiem aliinuka, akachukua jembe, akaenda kwenye tuta lake huku wote wakimwangalia kutoka barazani. Hakujua aanzie wapi. Akaanza kung'oa rehani.

"Hizo ziache," mama yake alisema. "Hizo hazijamdanganya mtu."