Nimempata marehemu mama kwenye mkanda wa harusi Iyula, ila sauti yake wameifunika na kwaya

Wakuu, habari za mchana. Haya ni yangu mwenyewe na sijaongeza chumvi.

Nafanya kazi ya kuedit video hapa Tunduma. Naishi peke yangu chumba cha kupanga. Mama alifariki nikiwa mdogo sana, sura yake naijua kwa picha tu. Sauti yake siijui kabisa.

Mwaka huu nikaanza documentary ndogo ya harusi za zamani za kwetu Mbozi. Nikawa nazunguka Iyula na Hasamba kuomba watu mikanda ya VHS. Deki nilipata kwa fundi, mpaka uigonge ndo inashika. Mnaocheka chekeni, ila mkanda wenye ukungu unataka roho ngumu.

Mkanda wa harusi ya shangazi ndio ulionimaliza.

Wakati wa nasaha akasimama mama, kashika maiki. Anaongea, watu wanacheka, anamnyooshea bibi harusi kidole, anaendelea kuongea.

Mimi nasikia kwaya.

Wa zamani mnajua. Mpiga video alikuwa anatandika nyimbo mwanzo mpaka mwisho ndo ionekane kazi imefanyika. Ukipewa mkanda wenye sauti za watu tupu, unaona umepunjwa.

Nikamtafuta mpiga video mwenyewe. Siku hizi yupo hapa hapa Tunduma, anabadilisha kwacha, hela za Zambia, pale mpakani. Nikamuuliza kuhusu mkanda wa kwanza, ule wa kabla ya nyimbo.

"Kijana wangu, mikanda ilikuwa ghali. Harusi ya Jumamosi inayofuata tulikuwa tunairekodi juu ya hiyo hiyo."

Sikumlaumu, ndo kazi ilivyokuwa.

Nikaenda kwa shangazi, nikamwekea kwenye laptop. Nikamuuliza mama alikuwa anamwambia nini pale. Akaangalia, akaomba nirudishe, akaangalia tena.

"Baba, sikumbuki. Bibi harusi unaambiwa uiname, usicheke. Nilikuwa nawaza hilo tu."

Akalia yeye, mimi nikabaki kumbembeleza.

Kwenye filamu nimeitoa ile kwaya, nimeacha kimya. Siku ya kuionyesha, ukumbi wa kanisa kule Iyula, mama kasimama anaongea, watu wakaanza: "Sauti! Fundi, sauti!" Jamaa mmoja akaenda kutikisa waya za spika.

Nikabaki nyuma ya projekta mpaka kile kipande kikaisha. Ukumbi umejaa ndugu zangu na nilijiona niko peke yangu kabisa. Inauma wakuu, acha tu.

Nilichojifunza: wenye wazazi, warekodini wakiongea mambo yao ya kawaida, na msiwawekee muziki.

Na kama kuna mwenye mkanda wa harusi yoyote ya Iyula au Hasamba, ya miaka ya tisini mwishoni, ambao haukuwekewa nyimbo, naomba aniandikie hapa chini. Hata kama hatujuani. Mama alikuwa hakosi harusi, huenda kapita nyuma anaongea.