Atuganile haonji tena jibini anayoitengeneza

Saa moja asubuhi, mvua haijakatika Kyimo, jirani na Tukuyu. Atuganile Mwaisumo anamimina maziwa yaliyoganda kwenye kitambaa cheupe, anakamua maji, kisha anashindilia jibini ndani ya kopo lenye matundu.

"Chumvi imekolea?" anauliza tajiri wake, Ezron, akiwa mlangoni.

Atuganile anamega kipande na kumpa mwenzake, Jenifer, aonje. Yeye haonji. Ana mimba ya miezi mitano, ya tatu. Mbili za kwanza ziliharibika.

Kazi hii alijifunza kwenye kiwanda kidogo cha maziwa kilichofungwa miaka michache tu iliyopita, mwaka 1993. "Kule tulichemsha maziwa kwanza," ananiambia. Ezron alipoanza biashara yake, akamchukua. Hapa maziwa hupashwa moto hadi vuguvugu tu, kuni zisiishe.

"Katika mimba zile mbili nilionja kila siku. Nikishikwa na njaa, nakula na ndizi. Nilijua namlisha mtoto."

Alipolazwa na homa mwaka jana, mimba ya pili ikiwa imeshatoka, nesi Loyce alimuuliza, "Mama, maziwa ya hiyo jibini mnayachemsha?"

"Hapana, sista."

Nesi akakaa kitandani kwake. Akamweleza kuwa maziwa mabichi yanaweza kuwa na vijidudu vinavyomfikia mtoto tumboni, hata kama mama anahisi homa ndogo tu. Hakuweza kuapa kwamba ndivyo mimba zile zilivyoharibika.

"Bora angenificha," anasema Atuganile. "Sasa kila nikilala najiuliza, ni mkono wangu huu?"

Alimwomba Ezron wachemshe. Alijibiwa kwamba ladha itapotea, na wanaotaka kazi wapo wengi.

Wiki iliyopita alikuja mwalimu Prisca wa Msasani ya Tukuyu, naye mjamzito, kununua jibini. Atuganile alimnong'oneza, "Mwalimu, usiile hivi hivi. Ipike mpaka itokote." Prisca akairudisha mezani. Ezron alisikia. Mwisho wa mwezi huu ndio mwisho wa kazi ya Atuganile.

"Sijutii," anasema, lakini machozi yanamlengalenga.

Atakwenda kwa mama yake Bulyaga. Akijifungua salama, atatafuta sufuria kubwa, atengeneze jibini ya maziwa yaliyochemshwa, auze sokoni Tukuyu.

Tunapoagana, ananishika mkono. Kiganja chake ni cha moto.

"Homa imerudi tangu juzi," anasema. "Nesi amechukua damu, majibu ni Alhamisi. Mtoto anacheza bado. Asubuhi hii amecheza mara mbili."