Nimemwita mwenye nyumba "mwanangu", hakimu akaamini

Leo mdomo wangu umeniponza mahakamani!

Mwenye nyumba wangu hapa Rwamgasa anataka nihame, achimbe duara, yaani shimo la dhahabu, chumbani ninamolala.

Hakimu akauliza, "Bibi, unamfahamu huyu?"

Nikajibu kistaarabu, "Huyu ni mwanangu."
Si kijana, jamani? Ningemwitaje?

Lile jinga likadakia, "Kweli mheshimiwa, ni mama yangu."

Hakimu akashangaa. "Mzazi na mwana mnashtakiana? Kakaeni kwanza nyumbani, mkishindwa mrudi."
Nikapiga kelele kwamba mimi ni mpangaji, watu wakacheka tu.

Sasa liko mlangoni, limekuja na sururu. "Mama, fungua tuyamalize kifamilia."

Nimeegemea mlango. Nyie wasomi acheni kucheka, niambieni: nifungue?