Eti Aliuawa na Kushangaa

Mama alikuwa anachimba kwa mikono na kwa kifuniko cha sufuria wakati lori la mkandarasi lilipoondoka na majembe yote. Mimi nilikuwa nimefukiwa na udongo hadi kiunoni, uso umeelekea barabara ya Mundika, kwa hiyo niliona vizuri. Vibarua wake walitaka kushuka watusaidie. Mkandarasi akatoa kichwa dirishani akawaambia, "Atakayeshuka hapo, asirudi kwangu kutafuta kazi." Wakakaa. Nikasikia majembe na sururu zikigongana nyuma ya lori, zinaenda zao Busia, na mdogo wangu yuko chini ya udongo.

Mama hakulia. Alikuwa anauliza tu, "Yuko upande gani? Nionyeshe, yuko upande gani?" Nilimwonyesha kwa kidole maana mdomo ulikuwa umejaa mchanga. Alipompata, alipata mguu kwanza. Aliushika huo mguu, akauvuta, akauita jina la mwenyewe. Haukutikisika.

Shule niliiachia darasa la tatu. Mwenye kutafuta Kiswahili kizuri akatafute kwingine. Mimi natafuta watu.

Ilikuwa miaka ile ya mwanzo ya Uhuru. Baba alikuwa kazini Tororo, ng'ambo ya mpaka wa Uganda, tunamwona mwisho wa mwezi akija na baiskeli. Nyumbani kulikuwa na mama, mdogo wangu wa kike, mimi, na kichuguu. Kwetu kichuguu kina mwenyewe, kama vile ng'ombe ana mwenyewe, na hiki mama alipewa na mama mkwe wake alipoolewa. Kilikuwa kirefu kumpita baba.

Msimu wa kumbikumbi ukifika, mama anakifunika kwa fito, majani ya migomba na blanketi kuukuu, giza kabisa, anaacha tundu moja tu la mwanga, na chini ya hilo tundu anachimba kishimo. Halafu tunakaa chini tunagonga vijiti juu ya gogo. Taratibu kwanza, halafu haraka, haraka zaidi, vile mvua inaanza juu ya mabati. Wale wadudu huko chini wanasikia, wanadhani mvua imekuja, wanatoka. Jua linawaka na sisi tumewanyeshea mvua ya vijiti!

Nyumba nyingine wakianza kutoka ni mbio na vikapu. Mama hapana. Wale wa kwanza hakuna aliyeruhusiwa kuwagusa. "Nyamazeni," anasema. "Tazameni kwanza. Kula mtakula." Basi tunapiga magoti tunatazama yale mabawa yakipita kwenye mwanga, laini, yana rangi ya chai, na mama mwenyewe, mtu mzima mwenye shamba la kupalilia na maji ya kuchota, yuko pale mdomo wazi kama ndiyo mara yake ya kwanza.

Jirani mmoja alikuwa akipita anamcheka. "Leo unasali kwa kumbikumbi?"

"Nasali kwa aliyewatengeneza," mama anamjibu. "Wewe huko kwako unatazama nini? Mume wako?"

Mdogo wangu alichukua tabia hiyo yote. Ukimtuma maji anachelewa, na akirudi mtungi haujajaa, kwa sababu amekuta buibui anashona uzi kati ya mabua mawili na hakuweza kumwacha kabla hajamaliza. Watoto wengine wangepigwa. Mama alikuwa anamtua mtungi, anamuuliza, "Haya, umeona nini leo?" Na lazima aeleze yote, miguu ilikuwa inakwenda vipi, uzi ulitokea wapi. Hivyo ndivyo tulivyolelewa. Hatukuwa na redio, lakini jioni yetu ilikuwa na habari.

Siku moja tukigonga aliuliza, "Mama, kila mwaka tunawadanganya. Kwani hawaambianagi?"

Mama alicheka mpaka kijiti kikamtoka mkononi. "Aliyetoka hajawahi kurudi kusimulia, mwanangu."

Sasa, sabchifu, yule msaidizi wa chifu aliyetawala kijiji chetu. Alikuja na huyo mkandarasi aliyekuwa anajenga maduka karibu na mpaka. Mkandarasi alitaka udongo wa matofali, na udongo wa kichuguu hauna mfano. Mama alikataa, akasema hicho ni chakula cha watoto. Sabchifu akapiga kiatu chake kwa fimbo, akasema mbele ya watu, "Mama, nchi imepata Uhuru, na nyinyi bado mnapigia wadudu ngoma. Kazi yenu kushangaa tu. Nchi haijengwi kwa kushangaa!"

"Basi, mzee," mama akamwambia, "anza kujenga na choo chako, kinaanguka."

Watu walicheka. Yeye hakucheka, na hakusahau. Alikwenda kwa baba mdogo, mdogo wake baba, akampa koti la mvua. Koti jipya, refu, la kijeshi. Baba mdogo akaja amelivaa juani, jasho linamtiririka, akamwambia mama, "Shemeji, mimi ndiye mwanamume hapa kaka akiwa hayupo. Nimekubali." Baba alikuwa hata hajaambiwa.

Wakaanza kuchimba, na wakachimba kutoka chini, kwa sababu chini udongo ni laini na lori linajaa upesi. Walikila kile kichuguu tumbo, juu wakaacha kimening'inia. Mama alimwendea mkandarasi. "Kiangusheni kutoka juu. Hapa kuna watoto."

"Mama, rudi jikoni."

Mkandarasi hakuweka hata mwiba wa kuzuia mtu. Mchana vibarua wakakaa kivulini mwa lori wanakula, na shimo liko wazi kama mlango wa nyumba. Mdogo wangu alikuwa ameingia. Nikamsikia akiita, "Dada! Dada, njoo uone, wana mashamba!"

Nikaenda. Jembe lilikuwa limefungua vyumba vyao vya ndani. Vyumba vidogo, kuta laini kama zimepakwa kwa mkono, na kila chumba kina kitu kama sifongo, na juu yake uyoga mdogo sana, mweupe, kama punje za chumvi. Wadudu wanapita katikati, wanashughulika. "Wanalima," alininong'oneza. "Dada, kumbe wanalima kama sisi." Alikuwa ameweka mikono nyuma ili asiguse. Sijaona kitu kizuri kuliko hicho mpaka leo, na hakuna atakayenifanya niseme sikukiona.

Udongo ulishuka bila kelele.

Kwenye mazishi sabchifu ndiye aliyesimama kuzungumza. Alivua kofia. Akasema, "Mtoto huyu ameuawa na kushangaa. Wazazi, fundisheni watoto wenu." Na watu wakaitikia, kweli, kweli. Hakumtaja mkandarasi. Hakutaja shimo. Baba alikuwa amefika asubuhi ile kutoka Tororo, hajui hata aanzie wapi kuuliza.

Maneno hayo yakashika. Mtoto akisimama njiani kutazama kitu, anaambiwa, "Utakufa kama yule!" Mama hakugonga kijiti tena. Mimi, na mguu wangu huu uliopindishwa na udongo siku ile, nikisimama kutazama umande kwenye majani alikuwa ananipiga kofi la kisogo. "Tembea!" Mama yangu, yule yule. Kabla ya hapo hakuna aliyenifundisha kutazama kuliko yeye.

Watoto wangu mwenyewe nimewauliza kila jioni wameona nini. Mume wangu alisema nawaharibu. Niliwauliza hivyo hivyo.

Baba mdogo amekufa, ameponyoka. Mkandarasi yuko Busia, anapangisha nyumba. Sabchifu yuko Matayos, mzee sasa, ana nyumba ya matofali aliyojengewa bure na mkandarasi huyo, na watu wanajua udongo ulitoka wapi. Napita mbele yake nikienda sokoni. Ananisalimia: "Habari ya siku nyingi, mama."

Habari ndiyo hii, mzee. Mtoto hakuuawa na kushangaa. Aliuawa na udongo ulioachwa ukining'inia, na wewe ulikuwa unajua siku ile umevua kofia. Kaburi liko palepale. Waliokuitikia wengi bado wako hai, nitawaita mimi mwenyewe. Njoo na mkandarasi wako, msimame hapo mbele yao, yeye aseme kwa nini aliondoka na majembe, na wewe useme ni nani aliyemuua mdogo wangu.