Siku Niliyouliza Kabila Mbele ya Wazazi

Jamani, nikiikumbuka ile asubuhi shuleni kwa mwanangu mpaka leo masikio yananiwaka, na mke wangu akitaka kunishinda kwenye ubishi wowote hunikumbusha tu, nami nanyamaza.

Tulikuwa hatujamaliza hata mwaka Kigali. Nilihamishwa kutoka Bukoba kuja kusimamia ghala la mizigo Masoro, tukapanga nyumba Kicukiro, na binti yetu Koku akaanza shule ya jirani, ambako alipata rafiki wa kufa na kuzikana aitwaye Aline. Shule ikaandaa siku ya lugha na tamaduni, na mwalimu mkuu akaniomba nizungumze kidogo na watoto kwa Kiswahili. Mke wangu akanishauri nisimulie tu ile hadithi ya sungura ninayomsimulia Koku, kisha nikae. Nikakubali. Lakini mimi ni Mhaya (mnatujua, kipaza sauti kikitufikia mkononi hakirudi kwa mwenyewe), na nilipoona ukumbi umefurika, kina mama wamependeza na mishanana, yale mavazi yao ya kufunga begani, yule sungura nikamwona mdogo kwa hadhi yangu, nikaamua kuanza na utani wa makabila, ule ambao kwetu ukiuanzisha hata msibani watu wanacheka.

Nikajitambulisha, mimi Mhaya, mke wangu Mpare, nikaeleza sisi tunavyojisifu na wao walivyo wabishi, watu wakacheka kwa adabu, nami nikapata moto, nikawasogelea watoto wa mstari wa mbele.

"Haya, na nyinyi? Kila mmoja aniambie kabila lake."

Ukumbi ukanyamaza. Si kwamba sikuijua historia ya nchi hii, nani asiyeijua, nilishakwenda kwenye makumbusho ya mauaji ya kimbari nikatoka nikilia. Ila kichwani mwangu yale yalikaa chumba kingine na utani wetu chumba kingine, wala sikuwahi kuona mlango kati yake. Nikadhani Kiswahili changu cha haraka kimewapita, nikarudia polepole. Nikarudia kwa sauti kubwa zaidi, mke wangu kule nyuma akinipungia mikono (nikadhani ananishangilia, nikampungia na mimi). Ndipo nikakumbuka kwamba neno la Kinyarwanda ninalo, nililijifunza sokoni nikiuliza aina za maharage, na kwa fahari yote nikalitamka kwenye kipaza sauti: ubwoko, ambalo kwao ni aina na ni kabila pia. Wewe ubwoko gani? Nikamwelekezea Aline.

Mtoto akasimama, akawatazama wazazi, kisha akanitazama mimi kwa huruma.

"Mimi iko Munyarwanda," akasema, akakaa.

Watu wakapiga makofi, makofi marefu ambayo hayakuwa yangu, na hapo ndipo nikaelewa nimeuliza nini, na nimeuliza wapi. Nikataka kuomba radhi, Kiswahili chote kikanikimbia, mimi niliyeitwa pale kwa ajili ya Kiswahili. Aliyeinuka ni Mama Aline, Mnyarwanda aliyekulia Bujumbura. Akaja mbele, akakichukua kipaza sauti taratibu, kama unavyomtoa mtoto kisu mkononi.

"Baba Koku ni mugeni wetu," akawaambia wazazi. "Neno ile amefundishwa sokoni. Kwa maharage iko sawa. Kwa watu hatuiulizi tena."

Ukumbi mzima ukacheka, kicheko cha kuniokoa, nami nikaomba radhi, kisha nikasimulia hadithi ya sungura, nikasahau hata alivyomshinda fisi.

Baadaye nilimfuata Mama Aline uani nikamwomba radhi upya. Akanieleza, bila kupandisha sauti, kwamba kabla yeye hajazaliwa kaka yake mkubwa alikuwa akisimamishwa darasani na mwalimu kwa swali lilelile, wa kabila hili wasimame, wa lile wakae, mpaka siku moja baba yao akaikusanya familia wakavuka kwenda Burundi.

"Mwalimu ule aliuliza ili atutenge," akasema. "Wewe uliuliza ili tucheke. Ndiyo sababu nilisimama. Lakini usirudie, Baba Koku."

Jumapili iliyofuata akatualika chakula nyumbani kwake Rebero, na mimi nikakaa mezani kama bubu, naogopa kuuliza hata samaki wametoka ziwa gani, mpaka mumewe akamuuliza mke wangu kwa kunong'ona kama ninaumwa. Koku na Aline walikuwa wamejificha nyuma ya kochi, wakicheka kwa lugha yao ya kuchanganya ambayo hakuna mkubwa aliyeielewa.

Basi nimeapa. Utani wangu wa makabila unabaki Bukoba, na nikikutana na mtu mpya Kigali namuuliza anakaa mtaa gani na watoto hawajambo, nikishajibiwa nafunga mdomo, maana sijui swali langu lilishapita nyumbani kwa nani kabla yangu.