Arusi Iliyokuwa Matanga

Mwanangu, nakumbuka siku moja katika miaka ya tisini, hapa hapa Maskati, nilipokaribia kujimaliza kwa kiburi changu mwenyewe. Nilikuwa kijana mtunzi wa muziki. Studio moja ya mtaa wa Qurum ilikuwa ikipokea katuni za Kijapani na kuzitia sauti za Kiarabu, na muziki wake mpya nikiutunga mimi kwa kinanda. Ndiyo kazi yangu ya kwanza ya maana, na nilikuwa nikiipenda kupita kiasi.

Kanda zilikuja kwa Kijapani kitupu, tafsiri ikifuata baadaye. Mimi nikamwambia mkuu wa studio, Bwana Nasiri, kwamba tafsiri siihitaji, macho yananitosha. Ujana huo! Basi ikaja hadithi ya zamani zao: nyumba imefukizwa, kitoto kimekalishwa mbele, watu wamevaa nyeupe, wageni wanaingia na vifurushi, chakula kimeandaliwa. Kwa macho ya Maskati, hiyo itakuwa nini kama si arusi? Nikaipigia mdundo wa kidumbaki, ule unaotutoa jasho kwenye arusi zetu za Kizanzibari. Asubuhi nikaipeleka studio, nikarudi nyumbani Mawaleh nimejaa raha.

Nilibaki na nakala, nikamwonyesha shangazi yangu, Bi Zuwena, nikitaka anisifu. Alitazama mpaka mwisho, kisha akauliza:

"Salumu, mama wa kitoto hiki yuko wapi?"

"Atakuwa jikoni, shangazi. Shughuli si unaiona?"

"Jikoni gani! Picha yake ile pale, watu wanaiinamia. Nna macho mie. Haya matanga, nawe umewapigia ngoma."

Kanda ilikuwa iende televisheni jioni ile ile. Watoto wangeona mwenzao kafiwa na mama huku ngoma inalia, na mimi nani angenipa kazi tena? Niliendesha gari mpaka Qurum nikisoma kila dua niliyoijua. Njiani nilitunga uongo pia, nitasema kanda imeharibika. Lakini mbele ya Bwana Nasiri uongo ulinikwama, nikamwambia yote.

Akafungua mtoto wa meza. Kanda imo.

"Alhamdulillahi umekuja mwenyewe," akasema. "Tafsiri nimeisoma. Nilikuwa natafuta nambari ya mtunzi mwengine."

Mwanangu, nilipumua! Nilikaa sakafuni pale pale, nacheka na machozi yananitoka. Tukaifanya upya kabla ya alasiri, nai moja tu, ile filimbi ya mwanzi, na kimya kirefu. Kazi ile ikanilea mpaka ndani ya miaka ya elfu mbili, na tafsiri nikawa naidai kabla sijagusa kinanda.

Basi usione haya kusema hujaelewa. Kazi yako mwonyeshe mtu asiyekuogopa, tena kabla haijatoka mlangoni. Na ukikosea, nenda mwenyewe ukaseme, usingoje kuitwa. Mwenyezi Mungu akujaalie mtu wa kukukosoa ndani ya nyumba yako, na siku utakapokosea akufikishe mapema. Amin.