Sanduku la Barua Ng'ambo ya Kijito

Delphia Gilliam aling'olewa meno yake yote siku moja, akiwa na miaka kumi na minane, na akasema asante. Ilikuwa zawadi ya baba yake kwa kumaliza sekondari. Milimani kwetu zamani halikuwa jambo la kushangaza. Mzazi mwenye huruma alimpeleka binti mjini, yakang'olewa mabovu na mazima, akavishwa ya bandia, ili mume wa baadaye asije akahangaika na madaktari wa meno. Delphia alikuwa karibu wa mwisho kufanyiwa hivyo. Picha ya siku ile ipo sebuleni kwake hadi leo: kanisa liko nyuma, gauni ni jeupe, na tabasamu lake ni la mama wa miaka hamsini.

Nayajua haya kwa sababu ni shemeji yangu. Mumewe, Hobert, na mimi baba zetu ni ndugu. Halafu mimi, Lonzo, ndiye msambaza barua wa bonde letu, na msambaza barua anajua mambo ya watu hata asipotaka, ingawa mimi sikumbuki siku ambayo sikutaka.

Miaka ishirini na miwili Delphia alipika katika jiko la shule ya msingi. Asubuhi alitoa biskuti laini za kwetu, kama vimkate, na mchuzi mweupe, mchana maharage na mkate wa mahindi, na kila mtoto aliyepita na sinia alimtazama mdomoni. Hakuwa akifanya makusudi. Aliniambia macho yake yalikwenda huko yenyewe. Aliona meno meusi, meno nusu, na vidonda vya fizi kwa watoto waliozoeshwa soda tangu wakinyonya chupa. Siku moja kibinti cha darasa la pili kilimrudishia tufaha, kikamwambia, "Shangazi, hili linauma. Nipe ndizi." Delphia alimpa ndizi, akaenda stoo, akalia katikati ya magunia ya unga.

Mwezi huo huo akasikia kwamba jimbo la Tennessee linalipa ada yote ya chuo cha jamii kwa mtu mzima ambaye hajawahi kupata shahada. Chuo cha upande wetu kilikuwa na kozi ya kusafisha na kutunza meno. Akachukua masharti akayabandika kwenye friji, akawa anayapiga alama ya kalamu moja moja. Umri, sawa. Hana shahada, sawa kabisa. Ile fomu ndefu ya serikali kuu inayouliza hata kuku wako wanataga mangapi, alishaijaza, na alinilaumu mimi niliyemsaidia kwa kila kosa. Atasoma angalau nusu ya masomo kila muhula, sawa. Sharti la mwisho lilisema awe mkazi wa Tennessee kwa mwaka mzima. Hilo alilipiga alama bila hata kulisoma mara mbili.

Mwanzoni mwa Julai nilimpelekea barua ya chuo. Alikuwa ananisubiri pale kwenye sanduku, kofia ya Hobert kichwani.

"Umeniletea nini leo shemeji, matangazo ya mbolea tena?"

"Chuo," nikasema, nikamkabidhi mkononi.

Akaisoma akiwa ameegemea mlango wa gari langu. Akairudia. Mimi nikazima injini, maana Delphia nimjuaye hasomi kitu mara mbili.

"Wanasema mimi si mtu wa Tennessee."

"Wewe? Wewe hata ukipiga chafya, inasikika hadi Nashville, makao makuu."

"Usinichekeshe, Lonzo. Anwani yangu ni ya jimbo la Virginia. Leseni ya gari ni ya Virginia. Shule ninayopika iko Virginia. Wanasema ufadhili ni wa wakazi wa jimbo, basi mimi sistahili. Wamenipa hadi mwisho wa mwezi kuleta vielelezo, na masomo yanaanza Agosti."

"Lakini umelala Tennessee miaka ishirini na minane."

"Sasa nenda ukawaambie wao."

Aliondoka akavuka daraja bila kuniaga. Nilibaki nimekaa garini nikilitazama lile sanduku la barua, kwa sababu nilijua ni nani aliyefanya liletwe pale.

Nyumba ya Delphia iko Tennessee. Barabara na posta ziko Virginia. Katikati kuna kijito, ndicho mpaka wa majimbo hayo mawili, na juu yake kuna daraja la mbao alilolijenga Hobert kwa mikono yake mwaka aliooa. Sanduku lao la barua lilisimama uani kwao, na mimi nililipelekea barua kwa kuvuka daraja, hadi mwaka ule Delphia alipofuga bata bukini. Bukini yule alikuwa dume, na aliniona mimi kama mwizi. Nikiteremsha kioo cha gari, shingo iko ndani. Aliniuma mkono, akaniuma sikio, na Ijumaa moja akaniuma mahali ambapo sitapataja. Mimi nilikuwa nimetoka jeshini. Ningemwambiaje Hobert kwamba namkimbia bata?

Basi nikamwambia daraja lake halifai. Nikasema linayumba, linalia, na gari la posta lina uzito wake, heri ahamishie sanduku barabarani. Hobert akaenda kuchukua sururu. Kesho yake sanduku lilikuwa ng'ambo, upande wa Virginia. Tangu hapo kila kitu kilifuata sanduku: anwani ikabadilika, bili ya umeme ikabadilika, na Delphia alipokwenda kutengeneza upya leseni ya gari alikwenda ofisi ya Virginia kwa kuwa ilikuwa karibu, karani akaangalia anwani akampa. Bonde zima tunaishi hivyo, mguu huku mguu kule, wala hakuna aliyewahi kutuuliza.

Bukini alikufa mwaka wa pili. Sikusema. Na kila mwaka, majani ya miti yakianza kuchipua, nilimwona Hobert amepiga magoti kwenye lile daraja, anabadilisha mbao, anaongeza misumari. Hivyo kwa miaka kumi na tisa. Nilimpungia mkono nikapita.

Siku ya tatu baada ya ile barua nilichukua likizo, nikampeleka Delphia chuoni. Hobert naye akaja, kwa sababu kiwanja bado kiko kwa jina la marehemu mama yake, kama viwanja vyote kwetu, ambavyo wenyewe wamelala makaburini na stakabadhi za kodi zinaendelea kutoka kwa majina yao. Alikaa kiti cha nyuma cha pikapu yake mwenyewe, mimi nikiendesha, akiwa amevaa shati la mazishi.

Pale ofisini tulimkuta dada mmoja, Marcy Ketron, kijana, miwani mikubwa. Nilikuwa nimejiandaa kumkasirikia. Akanikatisha tamaa kwa kuwa mwema.

"Mama, mimi nakuamini," alimwambia Delphia. "Bibi yangu anatoka bonde la pili kutoka kwenu. Lakini siwezi kuwapelekea wa jimboni imani yangu. Nahitaji karatasi."

Akazitaja. Stakabadhi ya kodi ya kiwanja, pamoja na kiapo cha Hobert kwamba yule mwenye jina ni mama yake na nyumbani humo wanaishi wao. Leseni mpya ya Tennessee. Na kiapo cha mtu asiye wa nyumba hiyo, anayejua kwamba wanaishi pale na anayeweza kueleza kwa nini barua zao zinakwenda Virginia.

"Huyu ndiye mpeleka barua mwenyewe," Delphia akasema, akinionyesha kwa kidole. "Aeleze."

"Vizuri sana," Marcy akasema. "Karani wa viapo yuko chumba cha pili. Andika tu sababu halisi, baba, usiweke maneno mengi."

Mimi ni Mbaptisti wa yale makanisa ya zamani, ya kuimba bila kinanda na kuoshana miguu. Kwetu neno la kawaida linaweza kupinda kidogo likipita kwenye kona. Kiapo hakipindi. Nilipewa kalamu na karatasi, Hobert amekaa kulia kwangu, na nikaona vizuri kwamba nina njia mbili. Niandike daraja ni bovu, niape uongo mbele ya Mungu na serikali. Au niandike kweli, na Hobert aisikie, kwa kuwa karani alishasema atakisoma kila kiapo kwa sauti kabla ya kutia muhuri.

Niliandika. Nikaisukuma karatasi mezani. Karani, mama mmoja mnene mwenye sauti ya redio, akakisoma chote.

"Mimi, Alonzo Gilliam, naapa kwamba nyumba ya Hobert na Delphia iko ng'ambo ya kijito, Tennessee, na wameishi humo muda wote ninaowapelekea barua. Sanduku lao lilihamishiwa Virginia kwa ombi langu. Sababu ni kwamba nilimwogopa bata wao. Daraja halikuwa na kasoro yoyote." Akainua macho. "Bata?"

"Bukini," nikasema.

"Haya, inua mkono wa kulia."

Delphia alikuwa amegeukia dirishani, mabega yakimtikisika kwa kicheko. Hobert alitazama viatu vyake. Akaapa chake kwa sauti ndogo, akatia sahihi, tukatoka.

Safari ya kurudi ni saa moja na nusu. Saa nzima Hobert alitazama milima dirishani. Mimi nilijua nimempoteza, na moyo uliniuma kuliko nilivyotegemea, maana Hobert ndiye niliyevua naye samaki wangu wa kwanza. Tulipopita kanisani ndipo akafungua mdomo.

"Yule bata alikufa lini, Delphia?"

"Mwaka wa pili."

Akahesabu kwa vidole. "Miaka kumi na saba. Lonzo, mimi nilikuwa siwezi kumkaribisha mtu mwenye gari zito. Mchungaji akija namwambia aegeshe barabarani. Nilifikiri siku moja nitaua mtu."

"Nisamehe, Hobert."

"Nilimpeleka fundi wa madaraja wa kaunti alitazame. Alisema unaweza kulipitishia treni. Nikadhani ananifariji."

Nilisimamisha gari kando nikalia kama mtoto. Hobert aliniacha nimalize. Kisha akaniambia, "Endesha. Kuna shimo la kuchimba."

Nililichimba mimi, jua la Julai likiniwakia utosini. Hobert alikaa kibarazani na gilasi ya chai baridi, akinielekeza. Kushoto. Kulia. Chini zaidi. Delphia akasema shimo limepinda, ingawa halikupinda. Nguzo ya sanduku ikasimama uani, hatua kumi kutoka mlangoni, palepale pa zamani. Anwani ilibadilishwa wiki ile ile, nikashughulikia mwenyewe mpaka ikakamilika. Leseni Delphia aliifuata Tennessee, mwendo wa dakika hamsini, akarudi akilalamikia picha, na karatasi zote zikaenda kwa Marcy.

Halafu tukasubiri. Kila siku nilivuka daraja nikiwa na takataka za matangazo, na kila siku Delphia alisimama kibarazani, na mimi nikatikisa kichwa. Julai ikaisha. Nilianza kulala vibaya.

Tarehe mbili Agosti nikaiona kwenye kreti, bahasha ya chuo. Niliacha barua za bonde zima, nikaenda kwao kwanza, jambo ambalo haliruhusiwi, na nikiulizwa nitaapa kwamba nilifanya. Nilipita darajani kwa kasi isiyonistahili. Hakuna ubao uliolia.

Delphia aliipasua kwa kisu cha kumenyea viazi. Akasoma midomo ikicheza, halafu akasoma kwa sauti, taratibu, kama anasoma zaburi. Kwamba vielelezo vimepokelewa. Kwamba ni mkazi wa Tennessee. Kwamba amekidhi masharti yote ya ufadhili na ada yake italipwa muda wote atakaosoma. Hobert alichukua ile karatasi, akaenda nayo jikoni, akaibandika kwenye friji juu ya yale masharti. Kisha akachukua kalamu, akapiga alama ya mwisho upya, kwa nguvu, mpaka karatasi ikatoboka. Nilibaki kwao nikala maharage, na bonde zima likachelewa kupata barua zake.

Hiyo ni miaka miwili iliyopita. Delphia ana miaka arobaini na minane sasa, anasoma na vijana wanaoweza kuwa watoto wake, na anawapita. Mwaka huu wanafunzi wanatakiwa kuleta watu wao wa kufanyia mazoezi. Hobert hana jino hata moja, kwa hiyo nimekwenda mimi.

Nilikuwa nimelala kwenye kile kiti, taa machoni, mdomo wazi, vyuma viwili na kioo ndani. Delphia amevaa koti la buluu, nywele zimefunikwa, mikono haitetemeki hata kidogo. Aliyakwangua meno yangu moja baada ya jingine, na kwa kila moja akamtajia mwenzake namba aandike. Alisema mdomo wangu ni aibu kwa ukoo. Alisema nina meno ishirini na sita, na nikiyatunza anavyoniambia nitazikwa nayo. Hapo nikaona kwamba yeye mwenyewe ameguswa na alichokisema.

Halafu akaniinamia, chombo bado kiko kwenye gego.

"Sasa, shemeji," akasema, "wenzangu hawa hawaamini. Hebu waeleze tena habari za yule bata."